Uyoga Wenye Makaa

Virga alikuwa ameshatia chumvi mapaja sita ya kuku ndipo akakumbuka kwamba tangu aingie nyumba hii hajakiona chungu cha kuokea. Akafungua kabati la chini, akafungua la juu, akachungulia hata ndani ya tanuri la matofali ambalo siku hizi baba yake alilitumia kuhifadhia magazeti. Hakuna. Akajifuta mikono kwenye aproni na kuitazama saa ya ukutani. Saa nne na robo. Mdogo wake Žydrūnas angefika saa nane kutoka Vilnius, naye hakuwa mtu wa kungojeshwa chakula.

"Baba, chungu cha mama kiko wapi? Kile cha udongo, chenye mfuniko."

Mzee Liudvikas alikuwa ameketi karibu na dirisha, mguu wa kulia ameunyoosha juu ya kigoda. Mbele yake ilisimama fremu ya chuma ya kujishikizia anapotembea, aliyopewa hospitali. Aliichukia ile fremu, akaitundikia kofia yake ili angalau iwe na kazi ya maana.

"Kimekwenda," akasema.

"Kimekwenda wapi? Kina miguu?"

"Kwa sasa kinanishinda mimi kwa miguu."

Virga hakucheka. Siku saba alizokaa hapa kijijini Pušėnai akimhudumia baba yake alikuwa amechoka kucheka. Mzee alianguka msituni mwishoni mwa Agosti akavunjika nyonga. Mchumaji mmoja aliyekuwa akipita ndiye aliyeita gari la wagonjwa, akaondoka bila kuacha jina. Wiki nne hospitali, kisha nyumbani, na Virga akaomba ruhusa ya wiki moja pale kiwandani mjini Alytus anakofua na kupiga pasi mashuka ya mahoteli. Ruhusa ilikuwa inaisha leo. Kesho asubuhi Žydrūnas angewachukua wote wawili kwa gari lake kubwa, ambalo mzee angeweza kunyoosha mguu ndani yake, na kumpeleka akaishi kwa Virga. Mkoba ulikuwa tayari mlangoni. Chumba cha mtoto wa Virga kilikuwa kimeshasafishwa. Kilichobaki ni mzee mwenyewe kukubali.

Na hapo ndipo penye kazi. Liudvikas hakusema ndiyo, wala hakusema hapana. Ukimtajia Alytus anakwambia upepo umegeuka. Ukimtajia majira ya baridi, theluji, kuni za kupasua, anakuuliza kama umeona kofia yake. Virga alikuwa amembembeleza, amemkemea, ametoka nje akalia kidogo nyuma ya banda, akarudi akambembeleza tena. Leo aliamua kumlainisha kwa tumbo. Angempikia kuku wa kuoka na uyoga, kama alivyokuwa akipika marehemu mama yake, Stefanija, kila Jumapili ya msimu. Ni chakula rahisi. Unakaanga uyoga na vitunguu kwa siagi mpaka maji yakauke, unaulaza juu ya kuku, unamwagia malai yaliyochachuka, unafunika, unaacha moto ufanye kazi. Hata mtu mwenye mawazo hawezi kukiharibu.

Akafungua mfuko wa dukani na kutoa kipakiti cha uyoga mweupe, mviringo, wote wa kimo kimoja. Liudvikas akanyoosha mkono. Akatoboa plastiki kwa kidole gumba, akanusa, akamrudishia.

"Huu umeota kwenye giza la kiwanda," akasema. "Haujawahi hata kunyeshewa."

"Ndio uliopo, baba."

"Basi mpikie Žydrūnas. Yeye anauza madirisha ya plastiki, atauelewa."

"Haya. Niambie ile sehemu yako iko wapi, niende mwenyewe. Kabla ya saa sita nimerudi."

Mzee akageuza uso kwenye kioo cha dirisha. "Sijafa."

"Sijasema umekufa. Nimesema niambie."

"Nikishakuwa ghorofa ya nne kwako, Virga, nitakuwa nalalia kitanda cha mtoto, nakunywa chai kwenye kikombe chenye picha ya sungura. Sitakuwa na kitu changu hata kimoja. Hicho niachie."

Kwetu huku kusini, kwenye misonobari na mchanga, unaweza kumuuliza mtu mshahara wake, unaweza kumuuliza amempigia nani kura, na akiwa mlevi kidogo unaweza kumuuliza habari za mkewe. Humuulizi anachuma wapi uyoga. Liudvikas alikuwa akitoka alfajiri, anashika njia ya kushoto kwenye msalaba wa kijiji mbele ya majirani wote, na majirani wote walijua kwamba akishapita miti michache atakata kulia, lakini kulia wapi, hapo ndipo walipopotezana naye kwa miaka hamsini. Stefanija mwenyewe alionyeshwa mwaka wa saba wa ndoa. Aliwasimulia wanawake wenzake habari hiyo mpaka alipokufa, kama wengine wanavyosimulia siku waliyovishwa pete.

Virga akaitazama saa tena. Akachukua ndoo ndogo ya plastiki, akavaa koti juu ya aproni na kutoka.

*

Alipita nyuma ya mabustani ili asionekane. Binti wa Liudvikas kwenda kununua uyoga barabarani lilikuwa jambo la kuongelewa kijiji kizima mpaka Krismasi. Mama yake angeona afadhali apike viazi vitupu.

Kando ya barabara kuu alikuwako mwuzaji mmoja tu asubuhi hiyo, naye alikuwa Apolonija. Virga karibu ageuke. Apolonija alikuwa na miaka sabini na miwili, mjane wa fundi wa matrekta aliyekufa kwa pombe na kumwachia paa linalovuja. Kijijini walimsema vibaya. Walisema anakwangua msitu kwa reki, anaharibu mizizi, ndiyo maana ndoo zake zinajaa mapema kuliko za wenzake. Hakuna aliyewahi kumwona na hiyo reki, lakini kila mtu alikuwa anamjua mtu aliyeiona.

Alikuwa ameketi kwenye kiti cha kukunja, ndoo tatu mbele yake, uyoga umepangwa vichwa juu: baravika, ule mnene wenye kofia ya kahawia, ambao watu wa mjini husimamisha gari ghafla wakiuona. Wote ulikuwa umesuguliwa ukawa safi kama mkate uliotoka kuoka.

"Shangazi, za asubuhi," akasema Virga. Shangazi ndilo jina tunalowaita wanawake wote wakubwa, hata wale tusiowapenda.

"Nzuri, mwanangu." Apolonija akaitazama ndoo ndogo, akaitazama aproni iliyochungulia chini ya koti. "Wa kuoka au wa supu?"

"Wa kuoka."

"Na kuku."

"Umejuaje?"

"Si leo Jumapili?"

Virga akainama kuchagua kwenye ndoo ya kwanza. Apolonija akamzuia mkono, taratibu tu. "Huo ni wa wapita njia. Umekaa tangu jana." Akainuka kwa shida, akaenda nyuma ya kiti, akafunua kitambaa kilichokuwa kimefunika kikapu. Akachagua mmoja mmoja, mdogo, mgumu, akiubonyeza shina kwa kidole kabla ya kuutia kwenye ndoo ya Virga. Alichukua muda mrefu. Virga alihamisha uzito kutoka mguu huu kwenda ule na kutazama kama kuna mtu wa kijijini anayekuja.

"Anakula vizuri?" akauliza Apolonija bila kuinua kichwa.

"Nani?"

"Mzee."

"Anakula."

"Na kulala?"

"Analala, shangazi. Bei gani?"

"Eti mnamhamisha."

"Kesho asubuhi. Hawezi kukaa peke yake." Virga alisikia sauti yake imekuwa kali. Watu wa hapa wanajua safari yako kabla hujafunga mkoba. "Bei gani?"

"Chukua tu. Ni wa mgonjwa."

"Hatuchukui vya bure." Akaweka noti ya euro kumi juu ya kiti cha kukunja, kwa kuwa Apolonija hakunyoosha mkono, akaondoka haraka huku akijiona mshindi. Alipogeuka kwenye kona alimwona yule mama bado amesimama, hajaigusa ile noti, anamtazama.

*

Saa tano na nusu alimwaga uyoga juu ya gazeti na kuanza kuusafisha. Liudvikas alikuwa amesinzia kitini. Virga alichukua kisu kidogo, akakwangua shina la kwanza, la pili, la tatu. Alikuwa na haraka. Malai yalikuwa yametolewa kwenye friji, vitunguu vimekatwa, kuku ameshageuka rangi ya dhahabu pande zote mbili kwenye kikaango, na kwa kukosa chungu alikuwa ameandaa trei ya bati yenye pembe iliyopinda. Alipofika uyoga wa nane hivi akainua mkono kuondoa nywele usoni, akaviona vidole vyake.

Vilikuwa vyeusi.

Akavitazama. Akasugua kidole gumba na cha shahada, na unga mweusi ukasambaa. Kwenye gazeti, kati ya maganda na majani ya msonobari, kulikuwa na vipande vidogo vya makaa.

Mchanga wa huku ni mweupe. Ukichimba popote utakuta mchanga mweupe, ukachimba zaidi ukakuta mweupe zaidi. Virga alikuwa amewahi kusafisha uyoga wenye udongo mweusi wa namna hii mezani hapahapa, akiwa na miaka sita, saba, kumi, na mama yake akimpeleka kwenye ndoo ya maji kumsugua vidole kwa majivu kabla ya shule. Zamani za mababu palikuwa na shimo la kuchomea makaa mahali fulani msituni. Juu ya shimo hilo, au ukingoni mwake, ndipo ulipokuwa uyoga wa baba yake. Hicho tu ndicho alichokijua kuhusu mahali pale: pana makaa.

Mzee kalala hospitali wiki nne, kila mtu anajua kalala, na yule mwanamke ameuvizia msitu wake. Pengine alimfuata siku nyingi, akijificha nyuma ya miti. Na leo kwa kiburi akamuuzia binti mali ya baba yake mwenyewe. Virga aliweka kisu chini, akakichukua tena, akakiweka chini. Akamtazama mzee aliyesinzia mdomo wazi, akamwonea huruma. Kitu pekee alichosema ni chake, nacho kimeshaibiwa, hana habari.

Simu ikalia. Akaikimbilia isije ikamwamsha.

"Dada, niko njiani," akasema Žydrūnas. "Amekubali?"

"Bado. Žydrūnas, sikiliza. Apolonija anachuma kwenye sehemu ya baba."

"Sehemu gani?"

"Yenye makaa."

Sauti ya magari ikapita. "Una uhakika?"

"Nina vidole. Ningekuonyesha kama ungekuwa hapa."

"Mwizi yule. Mama alimjua zamani." Kisha akaongeza, na sauti yake ikawa ya mtu aliyeona mlango: "Lakini hiyo inatusaidia, dada. Mwambie. Akijua hana tena uyoga wa kumweka huku, atakwenda bila maneno."

Virga hakupenda jinsi lilivyosikika, lakini alikuwa ameshaliwaza mwenyewe sekunde chache kabla. Akarudi mezani. Akaukata uyoga vipande vinene, akautia kwenye siagi pamoja na vitunguu, na nyumba ikajaa harufu ya mama yake. Maji yalipokauka akaulaza juu ya kuku, akamwagia malai, akafunika trei kwa karatasi ya bati na kuisukuma ndani ya oveni ya gesi. Kisha akaifungua dakika tano baadaye bila sababu, akaifunga. Alifuta meza iliyokuwa safi. Akaenda mlangoni akausogeza mkoba, kisha akaurudisha ulipokuwa.

*

Žydrūnas alifika saa nane kasoro dakika kumi, akasimamisha gari mbele ya ngazi kabisa ili mzee asitembee sana kesho. Alikuwa mtu mpana, mwenye funguo nyingi, ambazo aliziweka mezani kando ya sahani na kuendelea kuzigusagusa. Alimbusu baba yake kwenye upara, akasifu harufu, akakaa, akainuka kwenda kunawa, akakaa tena.

Virga aliwapakulia. Trei iliyopinda ilikuwa imeyamwaga malai upande mmoja, kwa hiyo paja la Žydrūnas lilikuwa kavu na la mzee linaogelea. Walikula na viazi na matango ya chumvi. Liudvikas alikata kipande cha uyoga, akakitia mdomoni, akatafuna polepole. Akaacha. Akatoa kitu ulimini kwa ncha ya kidole, akakitazama kwenye mwanga wa dirisha na kukiweka ukingoni mwa sahani. Kilikuwa kipande cha kaa, kidogo kuliko punje ya ngano.

Virga alidhani atauliza. Hakuuliza. Alichukua kipande kingine.

"Baba," akaanza Žydrūnas, "tulitaka tule kwanza, lakini afadhali ujue. Yule Apolonija anakuibia."

"Ananiibia nini?"

"Uyoga. Amegundua sehemu yako. Huo unaokula Virga kaununua kwake barabarani."

"Kaununua?" Mzee akamgeukia binti yake. "Alikutoza?"

"Hakutaka. Nilimwachia."

"Ulimwachia." Liudvikas akaweka uma chini. Masikio yake yalikuwa yamepata wekundu. "Umemwachia pesa Apolonija kwa uyoga aliokupa nile mimi."

"Baba, huelewi. Ni wa sehemu yako. Una makaa. Aliku—"

"Najua una makaa, ninayo mdomoni. Hakuniibia. Nilimwonyesha."

Žydrūnas aliacha kugusa funguo. Virga alikuwa ameshika kijiko cha kupakulia, akawa hajui akiweke wapi.

"Lini?" akauliza.

"Huu mwaka wa tatu."

Kila mmoja pale mezani alijua Stefanija alingoja miaka mingapi.

"Na siku ile uliyoanguka," akasema Virga taratibu, "yule mpita njia."

"Kule hapiti mtu yeyote, mwanangu. Nilikuwa na Apolonija. Nilianguka ukingoni mwa shimo. Alivua koti lake akanitandikia, akakimbia mpaka barabarani, maana simu haishiki. Kwa umri ule. Akarudi, akakaa nami mpaka aliposikia gari linakuja, kisha akajificha nyuma ya miti."

"Ajifiche kwa nini?"

"Kwa ajili yenu. Kwenye simu walimwambia hospitali itawaita watoto." Liudvikas alivuta pumzi. "Siku ya msiba wa mama yako alileta sahani ya uyoga mkavu. Unakumbuka uliiweka wapi?"

Virga alikumbuka. Aliipokea mlangoni, akasema asante, akaiweka kwenye benchi la nje, chini ya mvua, kwa kuwa mezani palikuwa pamejaa. Mezani hapakuwa pamejaa.

"Mama ana miaka mitano tu kaburini," akasema Žydrūnas.

"Mimi ndiye ninayeng'oa majani kaburini, usinihesabie." Mzee hakupaza sauti. "Nilikuwa nimemaliza kuishi, sikieni nyinyi wawili. Nilikuwa naamka nangoja jioni. Halafu mtu akanisalimia msituni."

"Na mimi mwanao hukunionyesha hata mara moja."

"Hukuomba. Uliomba gari."

"Mimi nimeomba," akasema Virga. "Asubuhi ya leo."

"Umeomba leo ili unipakie kesho."

Lilimwingia sawasawa. Aliinama, akaanza kukusanya sahani ambazo bado zilikuwa na chakula, akazirudisha. Machozi yalikuwa karibu na alichukia kwamba yako karibu.

"Siendi Alytus," akasema Liudvikas. Ilikuwa mara ya kwanza kwa siku saba kulitaja jambo lenyewe. "Ghorofa ya nne, lifti hakuna. Nikipandishwa mle, nitateremshwa siku gani? Nitateremshwa mara moja tu, na nitakuwa nimelala."

"Haya, hutaki," akasema Žydrūnas. "Nani atakuvua viatu? Nani atakuinua chooni? Virga kesho anarudi kazini. Yule mama yako wa makaa atakuinua?"

"Sijui." Na hapo uso wa mzee ukaanguka, akaonekana mkubwa kuliko miaka yake sabini na tisa. "Sijamuuliza. Hajaja tangu Virga afike. Mwanamume mwenye fremu ya chuma si zawadi kwa mtu. Anaweza kukataa, na atakuwa na haki."

"Basi akikataa?"

"Akikataa, pakieni."

Virga alisimama. Akachukua sahani ya nne kabatini, akaweka paja moja kati ya yaliyobaki, lile zuri lenye malai, na uyoga wote uliokuwa umesalia kwenye trei. Akafunika kwa kitambaa.

"Dada, unakwenda wapi?"

"Kula," akamwambia. "Usimguse baba."

*

Safari hii alipita njia kuu, katikati ya kijiji, na sahani mikononi. Pazia moja lilisogea, kisha la pili. Alitembea haraka mpaka mchuzi ukamwagikia kiganja. Alikuwa hajui atasema nini. Kila sentensi aliyoitunga ilianza na mzee na ikaishia na benchi lile chini ya mvua.

Apolonija alikuwa ameshatoka barabarani. Alifungua mlango kabla Virga hajabisha, akiwa na soksi za sufu, akasimama kando. Jikoni mwake palikuwa na meza, kitanda chembamba, na beseni chini ya mahali paa linapovuja. Juu ya meza kilikaa chungu cha udongo chenye mfuniko, kimefungwa kwa taulo safi, na juu ya taulo noti ya euro kumi.

"Nilikuwa najiandaa kukirudisha," akasema Apolonija. "Alikuwa ananiletea chakula ndani yake. Nimekisugua sana. Nimekaa hapa tangu saa saba nakifunga na kukifungua."

Virga akaweka sahani kando ya chungu. Akaonyesha vidole vyake. Makaa hayatoki kwa sabuni ya kawaida. Bado yalikuwa kwenye mistari ya ngozi na chini ya kucha.

"Uyoga wa ndoo zako kule barabarani ulikuwa safi," akasema. "Wote. Nimekumbuka nikiwa njiani."

"Wa wateja nausugua mpaka unang'aa. Huwezi kuuza udongo ule, watu wangeniuliza nimeutoa wapi."

"Wangu hukuusugua."

"Wako sikuusugua." Apolonija alikuwa akitazama beseni. "Kesho mnamchukua. Mimi si mtu wa kuja kugonga mlango wenu. Nikasema, huyu amekulia kwenye makaa yale, atajua. Na nikasema pia, atanichukia, lakini atajua."

Virga akaketi kitandani bila kukaribishwa. Kwa dakika moja hivi alilia waziwazi, kama watu wanavyolia wakichoka, na Apolonija hakumgusa wala hakumnyamazisha. Alimpa tu pembe ya lile taulo.

"Shangazi," akasema Virga alipomaliza, na safari hii neno lilikuwa na mtu ndani yake. "Hawezi kuvaa soksi mwenyewe. Usiku anaamka mara tatu. Ana maneno makali."

"Maneno yake nayajua."

"Nitakuja kila Jumamosi. Žydrūnas atalipia kuni, nitahakikisha. Unaweza?"

"Anauliza yeye au unauliza wewe?"

"Nauliza mimi. Yeye anaogopa."

Apolonija akalichukua koti lake msumarini. Lilikuwa na doa jeusi mgongoni, pana, la mtu aliyelazwa juu yake penye masizi. Akalivaa, akafunga vifungo vyote, akafungua kimoja, akakifunga. Kisha akaichukua ile noti na kumtia Virga mfukoni mwa aproni, na Virga hakubishana, akaichukua tena ile sahani, wakatoka.

*

Gari lilikuwa limeziba ngazi. Mkoba haukuwapo tena mlangoni. Žydrūnas alikuwa ameshaupakia, na sasa alisimama uani akivuta sigara. Alipomwona Apolonija amebeba chungu alifungua mdomo, akamtazama dada yake, akaufunga.

"Mwanangu," Apolonija akamwambia, "lisogeze hilo gari. Mtu mwenye fremu hawezi kupita hapo."

Žydrūnas akatupa sigara na kutii, akashangaa mwenyewe kwamba ametii.

Ndani, Liudvikas alisikia hatua na kujaribu kuinuka, akashindwa, akaishia kuvua kofia kwenye fremu na kuivaa, kisha akaona haya ya kuvaa kofia ndani ya nyumba. Apolonija hakumsalimia. Alikwenda moja kwa moja kwenye droo ya pili, si ya kwanza, akatoa uma, akavuta kiti. Virga alihamisha kilichobaki kwenye trei pamoja na cha ile sahani, akatia vyote kwenye chungu, akakirudisha kwenye oveni vipate moto. Wakangoja. Palikuwa na viti vinne na watu wanne, jambo ambalo halikuwa limetokea humo kwa miaka mitano.

"Umepungua," hatimaye Apolonija akamwambia mzee.

"Hospitali wanapika uyoga wa kopo."

"Nimesikia." Akamgeukia Virga. "Mchana bado mrefu. Ukitaka nitakuonyesha njia, nusu saa kwenda, nusu saa kurudi. Ni haki yako."

Virga alivitazama vidole vyake vyeusi. Maisha yake yote alikuwa ametaka hilo. Akamtazama baba yake, naye mzee alikuwa akilitazama gazeti lenye maganda pale kando ya jiko, amekaza taya.

"Hapana," akasema Virga. "Nitangoja anionyeshe mwenyewe."

Chungu kilianza kuchemka ndani ya oveni. Liudvikas alivuta fremu karibu, akaijaribu kama iko imara, akaisukuma.

"Agosti ya mwakani," akasema. "Na usivae vile viatu vyako vya mjini."

Virga akanyoosha mkono kwa Žydrūnas, akampokonya funguo, akatoka kwenda kuutoa mkoba garini.